Herufi Ndogo ya Babu

Saa kumi jioni mjukuu alikuwa sakafuni na chaki, akifanya mazoezi ya vinasaba kwa ajili ya mtihani wa Jumatatu. Bibi alikuwa anachambua mchele. Fundi, mwanawe bibi na baba wa msichana, kiziwi tangu kuzaliwa, alikuwa dirishani kwenye cherehani, anashona suruali.

Swali la saba: mume na mke wanaosikia wamezaa kiziwi. Onyesha vinasaba vya wazazi.

"Bibi, hawa si wewe na babu hawa!" mjukuu alisema. "Herufi kubwa kusikia, ndogo uziwi. Wewe bibi nakupa kubwa moja na ndogo moja. Babu kubwa mbili. Si husema kwao hakuna kiziwi?"

Akachora mraba wa vyumba vinne, akaujaza. Vyumba vyote vikatoa watoto wanaosikia. Cherehani ikanyamaza. Kiti cha Fundi kilikuwa kitupu, na suruali ina mguu mmoja.

"Umekosea," bibi alisema, akipuliza pumba. "Futa upesi, baba yako ana kazi ya watu."

Mjukuu akafuta, akampa babu herufi ndogo moja. Chumba cha nne kikapata ndogo mbili. Fundi akarudi, uzi mdomoni, akaendelea alipoishia.

Bibi aliitazama sana ile herufi. Zamani, mtoto alipojulikana ni kiziwi, babu alimrudisha kwao naye mgongoni, akisema amemletea mkosi nyumbani.

Jioni ile ile babu alikuja kuchukua suruali yake.

"Mzee, sogea uone," bibi alisema. "Mzigo wa mwenzio kanda la usufi. Miaka arobaini nimeubeba peke yangu, kumbe nusu yako."

Babu akainama, akaifuta ile herufi kwa soli ya kiatu. "Kwetu hakuna kiziwi."

Kiti cha Fundi kikawa kitupu tena. Babu alikaa, akanywa chai, akaitazama saa.

"Mbona suruali haiishi? Kesho nina harusi."

"Babu, kwani suruali inashonwa na majini?" mjukuu aliuliza. "Fundi umemfuta mwenyewe."

Babu akautazama ule mguu mmoja. Akapiga magoti akiguna, akaomba chaki, akairudisha herufi ndogo mahali pake, kwa mwandiko mzuri.

Fundi akarudi, akamaliza, akapiga pasi. Suruali ilimkaa babu sawasawa. Alipofika mlangoni aligeuka.

"Lakini kwetu hakuna."

Bibi akarudi kwenye mchele wake.

"Swali la nane kalifanyie jikoni, mama," alimwambia mjukuu. "Hapa hapafagiliwi tena."