Waliosimama

Utawala ulianguka, na Chunjua akabaki na uso usio na kazi. Miaka yote ya filamu aliigiza mtu mmoja tu: Rais. Sasa Rais alikuwa ametorokea ng'ambo, na sura iliyomlisha Chunjua ndiyo iliyomfanya atemewe mate sokoni.

Jina hilo alipewa na wenzake, kwa ajili ya chunjua la mpira, kinundu kama kile cha Rais, alilobandikwa shavuni kwa gundi kila waliporekodi filamu. Ngozi ya chini yake ilikuwa imebabuka, ikaacha baka lisilotoka.

Siku moja mwongozaji mpya akamwita. Filamu ni ya serikali mpya: Rais anaburutwa mbele ya umma, anazomewa, anapiga magoti, analia.

"Lakini hakulia," Chunjua alisema. "Alipanda ndege."

"Kwenye filamu yangu atalia. Ukifanya vizuri, utapata nafasi nyingine. Ukikataa, kaka, kajifunze kushona viatu."

Mkewe hakumung'unya maneno. "Baba watoto, ulimwigiza akiwa anaua watu, kichwa kikakuvimba. Leo ndio unaona haya? Nenda kalie. Nyumba hii ni ya kampuni ya filamu."

Akaenda.

Mwongozaji alitaka hasira ya kweli, kwa hiyo uwanjani alikusanya watu waliofungwa na waliofiwa enzi za Rais. Kila mmoja akapewa nyanya mbovu. Walikuwa wakitaniana.

"Mimi namlenga pua!"

"Wewe? Hata mkeo hujawahi kumrushia neno!"

Mlango wa chumba cha mavazi ukafunguliwa. Chunjua akatoka na suti na kofia, akiburuta mguu wa kushoto kama Rais mwenyewe. Kicheko kikakatika. Kisha, bila kuambiwa, watu wote wakasimama. Mikono ubavuni, macho chini. Mama mmoja nyanya ilimpasukia kiganjani asijue.

"Kata! Mzomeeni! Ni mwigizaji huyu!"

Wakarudia. Wakasimama tena.

Mwongozaji akamsogelea Chunjua. "Yumbayumba kama mlevi. Wakicheka, woga utawatoka."

Angeweza. Kutii ndiyo kazi aliyoijua kuliko zote. Lakini alikuwa akiitazama ile mikono iliyobana ubavuni. Zamani, kila filamu ilipooneshwa kwa mara ya kwanza, alipanda jukwaani na ukumbi mzima ukasimama hivihivi, ukampigia makofi. Alidhani wanasimama kwa ajili ya kipaji chake.

Akalishika chunjua mbele ya kamera, akalibandua. Ngozi ikaja nalo. Akamwendea yule mama, damu ikimchuruzika shavuni.

"Kaa, mama. Ni mimi tu."

Mama akaitazama damu kwa muda mrefu. Akakaa. Nyuma yake wakakaa wengine, mmoja mmoja.

Filamu ikapewa mwigizaji mwingine. Nyumbani wakaondolewa wiki ileile. Mkewe akaenda na watoto kwa dada yake, hajarudi. Viatu anashona, vibaya. Na yale makofi ya ukumbini, mali pekee aliyodhani hakuna wa kumnyang'anya, aliyarudia kichwani filamu baada ya filamu, akiyatoa yaliyopigwa kwa woga. Hayakubaki hata ya mtu mmoja.