Mgongo wa Barkóczi

Kila Jumanne alasiri Etelka Barkóczi alikaa safu ya tatu katika sinema ya mtaa wetu hapa Szeged, Hungaria, karatasi ya mbegu za maboga mapajani, akimtazama mumewe. Mbegu zenyewe hakuzila. Alizinunua kwa sababu Zsombor alizipenda, na mtu haendi kumwona mumewe mikono mitupu.

Zsombor alianza uigizaji katika ukumbi wa mji huu akibeba sinia, bila neno hata moja la kusema, na alilibeba kwa namna ambayo watu walimtazama yeye wakamsahau mfalme. Baadaye wafalme wote wakawa wake, kisha filamu zikamwita. Alikuwa na mwiko mmoja: mwigizaji hawapi watazamaji mgongo. Aliushika hata siku aliyotoka jukwaani kinyumenyume, akatumbukia katika kishimo cha mama aliyewanong'oneza waigizaji maneno wakisahau, akavunjika mbavu mbili na kumvunjia mama wa watu miwani. Alipotolewa humo alikuwa bado ametugeuzia uso.

Vuli ya 1956, watu walipojaa mitaani kuipinga serikali, walimwomba awasomee shairi kutoka roshani ya ukumbi. Akasoma. Uasi ukazimwa, na majani yalipochipua tena askari wakaja kumchukua.

Jina lake likakwanguliwa kwenye filamu ya tarishi wa posta aliyempenda msichana bila kujua nyumba ya msichana huyo ni ipi. Yeye mwenyewe wakamwacha humo, maana bila yeye filamu hakuna. Asiyekuwepo na lake halipo, lakini huyu hakuwepo na kila Jumanne alikuwa kazini.

Etelka alimwona akikonda wiki hadi wiki. Wengine nao waliona.

“Sare imempwaya,” alisema mama mmoja nyuma yake.

“Posta hawalishwi, shoga. Ulikuwa hujui?”

Jumanne moja ya Februari, Zsombor alitokea akiwa ametugeuzia mgongo, na hakugeuka hadi mwisho. Msichana alimbusu kisogoni. Watu walinung'unika kidogo, kisha wakacheka palepale pa siku zote. Ambrus, mwendesha mitambo, aliukagua mkanda akasema ni uleule. Wiki hiyo Etelka aliletewa koti la mumewe na kuambiwa mambo yamekwisha. Alipouliza kaburi liko wapi, waliolileta walimshauri alivae, nje kulikuwa na baridi.

Alilivaa. Aliuliza kila mlango wa serikali akiwa nalo mwilini, hadi kiangazi, na kila mlango ulimjibu kwamba hapo sipo. Hakutaka zaidi ya pahali pa kuwasha mshumaa Sikukuu ya Wafu.

Aliyemjibu ni Dezső, mzee aliyewahi kuchimba makaburi mji mkuu. Alikuwa amesimama penye kaunta ya sinema na divai yake iliyochanganywa na maji ya soda.

“Nabusu mkono wako, Bi Etelka,” alimsalimu, kama wanaume wa kwetu wanavyowasalimu wanawake. “Usimlaumu kwa ule mgongo. Wafungwa wale wanaouawa huzikwa kifudifudi. Ndiyo amri.”

“Kifudifudi.”

“Wote.”

“Hajapata kumpa mtu mgongo, Dezső. Alivunjika mbavu kwa hilo.”

“Najua. Nilikuwepo, nilicheka sana.”

“Wapi? Niambie pahali tu. Sitasema nimekusikia wewe.”

Dezső aliitazama divai yake. “Nina watoto, Bi Etelka,” alisema. Akaimaliza, akaondoka. Etelka alilia hapo kaunta, na mwuza mbegu akamwongezea mbegu.

Sikukuu ya Wafu ikafika. Mji mzima ulielekea makaburini na mishumaa na maua ya krisanthemu, hata wasiopendana na wafu wao. Etelka alikuja sinema na vyake, akamwomba Ambrus kiti nyuma ya kitambaa cha picha.

“Kiti utapata, mama. Mshumaa hapana. Mkanda huu ukinusa moto, tunakwisha sote.”

Akampelekea kiti, akakifuta vumbi kwa mkono wa shati lake, akarudi kuwasha mtambo.

Upande ule wa kitambaa Zsombor alikuwa amemwelekezea uso. Alikuwa na ndevu, na udongo kwenye nyusi. Nywele alizipasua kulia badala ya kushoto, kwa kuwa huko nyuma kila kitu kimegeuka. Alimwona mkewe katika koti lake, akavua kofia ya posta. Lakini mwigizaji ana maneno aliyoandikiwa tu, na Zsombor hakuwa na mengine.

“Niambie tu nyumba ni ipi, bibie,” alisema. “Maua nimeshanunua.”

“Niambie wewe, Zsombor,” alisema Etelka. “Maua ninayo mimi.”

Alimngoja ajibu. Zsombor akafungua mdomo.

“Niambie tu nyumba ni ipi, bibie,” alisema tena, na upande wa pili watu wakacheka, maana hapo ndipo panapochekwa. Etelka aliyashika maua na mshumaa usiowashwa hadi picha ilipozimika, kisha akarudi navyo nyumbani.