Aliyelala Hafuatwi

Faradji fundi cherehani alikuwa na mtoto mmoja juu ya ardhi na wawili chini yake, na huyo mmoja alimlinda kama mtu anayebeba yai katikati ya soko. Zura akikohoa, cherehani inanyamaza. Zura akikimbia, Faradji huyo mlangoni, futi shingoni, pini mdomoni, anaita, "Polepole mama, utaanguka!" Mtaa mzima wa Waswahili pale Gisenyi ulimcheka, lakini kwa huruma, maana makaburi mawili madogo kila mtu aliyajua.

Basi mtoto akakulia chini ya meza ya cherehani, mpaka siku alipomeza kifungo cha koti la karani mmoja wa Kibelgiji. Kifungo kilitoka salama, kilivyotoka tusielezane. Lakini mkewe Faradji, Zaituni, mwanamke wa kuuza samaki ambaye sauti yake ilifika Goma bila kuvuka mpaka, alisema sasa basi.

"Baba Zura, mutoto si kitambaa cha kukunja na kuweka. Kesho namupeleka kwa mukecuru Donatha."

Mukecuru ni bibi kizee kwa lugha ya kule. Donatha Mukarugwiza alikuwa mjane wa Kikristo, rozari shingoni, nyumba yake ya mwisho kabisa, pale mji unapokwisha na mawe meusi ya volkano yanapoanza. Mama wa sokoni waliokuwa na watoto wadogo waliwaacha kwake asubuhi wakawafuata jioni. Na mle uani alikuwa akifanya nini na watoto wa watu? Alikuwa akicheza! Ajuza wa mvi, loo, anatambaa, anabweka, ananunua majani na kulipa kokoto, anadai chenji na kugomba akipunjwa.

Faradji hakupenda hata kidogo. Lakini Zura alirudi nyumbani akiimba, akahesabu mikate mezani, akamwambia baba yake kwamba kanzu ya mteja mkono mmoja mrefu, mwingine mfupi. Faradji akapima. Kweli! Akashona upya, akanyamaza, maana mwanamume hukubali mambo kidogo kidogo.

Adhuhuri moja akafunga duka, akaenda kuchungulia. Afadhali asingekwenda.

Uani palikuwa na shimo pana la kina cha goti, limezungukwa na mawe makubwa. Donatha alitembea kati ya watoto ameshika kijiti chenye ua jekundu nchani. Ua hilo ndilo moto. Wote walimfuata kwa kunyata, wanacheka chini chini. Ghafla bibi akachuchumaa, akateremsha kijiti shimoni, akapiga kelele, "Moto umelala!" Lo, ilikuwa vurugu! Watoto wakaparamia mawe kwa miguu minne, wanasukumana, wanapiga mayowe. Aliyechelewa alikuwa Zura. Akalala chali shimoni, macho kafumba, mikono kifuani. Na wenzake wale, juu ya mawe, wakaimba kwa furaha, "Aliyelala hafuatwi! Aliyelala hafuatwi! Anatupiwa kamba!" Hakuna aliyeshuka. Wakamtupia kamba ya mgomba, Zura akafungua jicho moja, akaikamata, wakamvuta huku wakihesabu.

Faradji akaingia uani mbio. Namna ile ya kulala, mikono kifuani, alishaiona mara mbili nyumbani kwake.

"Baba Zura, karibu," Donatha akasema, akipangusa magoti. "Unatafuta mutoto, ao unatafuta makosa?"

"Mama, unamfundisha mwanangu kulala kama maiti? Na hawa wengine, kumwacha mwenzao alale peke yake? Mchezo gani huu usio na utu?"

"Sikia, Baba Zura. Kule nyuma ya mawe iko mazuku..."

"Mazuku!" Faradji akamkatiza. Alikuwa mzaliwa wa Usumbura, na neno hilo alilisikia kwa walevi, akaliweka fungu moja na majini na mashetani. "Mimi mtu wa kuswali, mama. Mambo ya mashetani usimtie mwanangu kichwani."

Donatha akawageukia watoto, akachukua kijiti chake. Hakuwa mtu wa kubishana mbele ya watoto. Usiku ule ndani kwa Faradji kulikuwa na maneno, na mwisho Zaituni akakubali nusu: Zura atabaki kwa mukecuru mpaka Idd ya kuchinja ipite, halafu atarudi chini ya meza.

Sasa, mbuzi wa Idd. Faradji alimnunua kule Nyakiriba, beberu mweusi mnene, akamfunga nyuma ya nyumba. Mbuzi naye ana akili yake: mvua iliponyesha usiku wa kuamkia siku ya mwisho kabla ya Idd, akakata kamba, akaenda zake. Alfajiri, Faradji anatoka kuswali, mbuzi hayupo. Zaituni alikwisha kwenda ufukweni kupokea samaki. Mtoto ataachwa na nani? Faradji akamfunga Zura shuka begani, akachukua kandili mkono huu na kamba mkono huu, wakafuata nyayo kwenye tope.

Nyayo ziliwapeleka kwenye mawe meusi. Mvua imekata, upepo hakuna, hata jani halitikisiki. Na tazama, beberu huyu hapa! Amelala kwenye bonde dogo kati ya mawe, kina cha mtu mzima, ametulia kama yuko zizini.

"Mpumbavu wewe, umelala!" Faradji akacheka kwa raha. Akavua kandambili, akashusha mguu mmoja.

"Baba, simama! Moto kwanza!"

Akageuka. Zura alikuwa amekwishaparamia jiwe refu kuliko yote, kwa miguu minne, shuka linaburuzika.

"Shuka hapo, utaanguka!"

"Moto kwanza!"

"Zura mwanangu, huu si mchezo. Baba anamchukua mbuzi."

"Ni muchezo!" Mtoto alikuwa analia sasa, na anapiga jiwe kwa viganja. "Aliyelala hafuatwi, Baba! Hafuatwi! Moto kwanza!"

Tuseme kweli: hakumwamini. Mtoto wa miaka mitano, nani amwamini? Ila aliogopa atateleza kwa kulia kule, akaona heri amridhishe, yaishe. Akaufunga mshikio wa kandili kwa kamba, akaiteremsha. "Haya mama, moto huo, unaona?"

Mwali ukasinyaa. Ukawa wa bluu, ukazimika.

Mafuta, Faradji alijiambia. Akaivuta, akatikisa, mafuta tele. Akawasha kiberiti, akateremsha tena. Ilipofika pale pale, ikazimika tena, na upepo haukuwapo. Kulikuwa kumeanza kupambazuka. Ndipo akaona ndege wawili wadogo wamelala karibu na sikio la mbuzi, miguu juu, na macho ya mbuzi yako wazi.

Mguu wake ulikuwa bado umening'inia ukingoni. Aliurudisha kama mtu anayeutoa kinywani mwa mamba. Akapanda jiweni kwa binti yake, akamkumbatia.

Walipofika uani kwa Donatha, hakuulizwa kitu. Bibi aliiona kandili iliyozimika, akamwona mtoto, akajua. Akawapa uji wa mtama, akakaa.

"Mutoto wangu Kalisa alifuata mbuzi mule," akasema. "Bwana yangu akafuata Kalisa. Mi nilikuwa nyuma, nimebeba maji. Majirani wawili walinishika, niliwauma mikono. Wangeniacha, ningeshuka." Akanywa uji kidogo. "Mazuku si shetani, Baba Zura, ni hewa mubaya, haina harufu. Inalala tu chini, inazima moto, inazima na mutu. Sasa mutoto mudogo ukimuambia usishuke, anaitika, anasahau. Na mukubwa akiona wake amelala pale, hasikii mutu. Ndiyo nikasema, hii kitu iingie kwanza kwa miguu yao."

Faradji akaweka uji chini. Aliutazama ule uso mkavu, ile mikono yenye vumbi la kutambaa na watoto wa wenziwe, akafikiri: mimi kwa msiba wangu nilimfungia mtoto chini ya meza. Huyu wake ameugeuza kitu cha watoto kuchekea. Faradji alikuwa hajawahi kumstahi mtu hivyo, si shehe, si padri, si mkubwa yeyote wa serikali.

"Mama," akasema, "nisamehe."

"Kunywa uji," Donatha akasema.

Idd ile hawakuchinja, nyamafu hailiwi. Lakini cherehani ilifanya kazi. Faradji alikusanya vipande vya vitambaa vya rangi zote, akavisuka, akavishona mara mbili, ikawa kamba ya kuvuta ng'ombe. Akaipeleka uani mwenyewe, na watoto walipoona mtu mzima amekuja na kamba nzuri, wakataka acheze.

"Moto umelala!"

Fundi wa watu, kanzu inamkwaza, alikuwa wa mwisho. Watoto walicheka mpaka wakashikana. Akalala chali shimoni, akafumba macho, akaweka mikono kifuani kama sheria inavyotaka. Wakaanza kuimba, kisha wakanyamaza, maana Zura alikuwa haimbi.

"Baba?"

Hakujibu. Aliyelala hajibu.

"Baba!" Sauti ilikuwa imeanza kutetemeka. Alisikia miguu midogo inasogea ukingoni, kokoto moja ikadondoka karibu na sikio lake. Alitamani kufungua macho amwambie baba yupo, ni mchezo tu. Hakufungua. Alingoja asikie kama atashuka.

Kamba ikamwangukia kifuani.

"Shika, Baba," Zura akasema huku analia. "Mi siwezi kuja. Shika!"

Faradji akaikamata kwa mikono miwili. Juu, watoto wakaanza kuvuta na kuhesabu, Donatha naye kashika mwisho wa kamba, na yeye kule chini machozi yalimwingia masikioni, akimshukuru Mungu kwamba mwanawe hakumfuata.