Kisu Ndani ya Mto wa Sufi

Watu wa Sindeni wanasema ni mimi niliyemfukuzisha kazi mwanangu. Waseme. Mdomo ni mali ya mwenyewe, na kisimani hapakosi maneno. Lakini mimi, Chausiku, nitaeleza mwenyewe ilivyokuwa, maana hao wanaosimulia hawakuwepo.

Mwanangu Jabiri anafanya kazi kwenye meli. Si meli ya mizigo, wala si boti ya kwenda Unguja. Ni meli ya watalii, wazungu wazee wanaozungushwa baharini wiki mbili halafu wanarudishwa palepale walipopandia. Raha yake ni nini, usiniulize mimi. Jabiri anawatandikia vitanda na kuwabadilishia mataulo, vyumba kumi na sita kila siku, na mkataba mmoja ni miezi tisa. Miezi tisa! Mimba nzima. Mimi nilimbeba miezi tisa nikamzaa, sasa wanambeba wao miezi tisa kila mara, na mimi wananiachia miwili ya kumtazama.

Alipomaliza mkataba wa kwanza alirudi amekonda, macho yamezama. Nikamuuliza, huko hawakulishi? Akasema chakula tele, usingizi ndio hakuna. Anaota mtu anamwita kwa jina, anashtuka, kumbe ni mwenzake Mfilipino anakoroma kitanda cha juu. Kila siku ndiyo hivyo. Nikajua papo hapo. Kwetu mtoto hulazwa na chuma kichwani. Akizaliwa, kisu kidogo kinawekwa chini ya mto wake, ili vile visivyoonekana vikikuta chuma vipite mbali. Watoto wengine wakikua kidogo kinaondolewa. Jabiri alikuwa mtoto wa ndoto, wa kulia na kuruka kitandani, basi marehemu baba yake, Sadala, akasema tukiache. Amekilalia mpaka ameota ndevu. Huko melini alilalia nini? Godoro la watu tu.

Sasa sikiliza. Sisemi kwamba sikuambiwa. Kabla hajaondoka kwa mkataba wa pili alikuja na karatasi, akanisomea uani nikiwa napukuchua mahindi. Ilikuwa karatasi ya vitu visivyoruhusiwa kupandishwa melini, abiria na mfanyakazi sawasawa. Bunduki, hata ya bandia ya mtoto kuchezea. Risasi. Panga, shoka, mkuki, upinde na mishale. Rungu. Pingu. Ile dawa ya kumpulizia mtu machoni. Mkasi mrefu. Kisu chochote chenye makali yanayozidi inchi nne, na kwa mfanyakazi hata kile kifupi hakuna, kwa sababu visu vya kazi viko jikoni na vina mwenyewe. Tulicheka sana siku ile. Nikamwambia, "Basi Mmasai hapandi meli hiyo." Akasema, "Anapanda, mama, rungu ndilo linabaki mlangoni."

Nilisikia vizuri kabisa. Ila karatasi ilisema silaha, na katika akili yangu mimi silaha ni kitu unachomshikia mwenzako. Kile kisu hakijawahi kukata hata kitunguu. Kazi yake ni kulaliwa. Basi nikafumua mto wa sufi, sufi ya mti wetu wenyewe, nikakiweka katikati, nikashona. Sikumwambia, kwa sababu angekataa. Vijana wakishavuka bahari wanaona aibu kwa mambo ya kwao.

Alipofika bandarini, huko Barcelona, ule mji wa timu ya mpira, mabegi yakapitishwa kwenye mashine inayoona mpaka ndani. Wakakiona kisu kimelala katikati ya mto. Kingekuwa juu juu begini wangekichukua na kumpa onyo, yakaisha. Lakini cha kushonewa ndani, kwao hicho ni silaha iliyofichwa. Hata mguu hakutia melini. Walimpandisha ndege ya kurudi na barua mkononi: amesimamishwa kazi. Kwa kuwa aliwaambia hakujua kilichomo, aliyeshona ule mto aandike maelezo, yapigwe muhuri wa kijiji chake, yawafikie ndani ya siku kumi na nne. Yakifika, watafikiria kumrudisha. Yasipofika, jina linafutwa, na meli nyingine hazitamtaka.

Kwa hiyo nielewe vizuri, mwenzangu. Kazi ya mwanangu ilikuwa mkononi mwangu. Nikiandika, anaondoka. Nisipoandika, anabaki.

Hakuja Sindeni, aliona aibu. Alifikia kwa dada yake Yusra, pale Masuguru, mjini Korogwe, na Yusra ndiye aliyenipigia simu. "Mama, umefanya nini?" Shikamoo hakuna! Nikamwambia nisalimie kwanza. Akaniamkia kwa hasira, nikaitikia kwa hasira, kisha nikafunga kunde mbichi na unga wa mahindi yangu nikaenda.

Nilimkuta Jabiri barazani anamenya mihogo. Akainuka. "Shikamoo, mama."

"Marahaba, baba."

Njia nzima nilikuwa nimepanga maneno. Ningesema hili, ningesema lile, ningemlaumu mzungu wa mashine. Yote yakanikauka. Yeye akasema tu, "Ungeniambia, mama," akarudi kwenye mihogo yake. Angenifokea ningepata nafuu.

Yusra akataka tuandike barua kesho yake. Nikasema haiwezekani, mtendaji wa kijiji mwenye muhuri amekwenda mazikoni Kwamsisi. Uongo mtupu. Mtendaji nilimwacha ofisini kwake anakunywa chai na maandazi. Mungu anisamehe, lakini hata sasa nikikumbuka zile siku siwezi kuzijutia zote.

Maana nilikuwa naye. Asubuhi ananiamkia kabla sijatoka chumbani. Akaukarabati uzio wa kuku wa Yusra, akaziba bati lililovuja. Akachukua khanga zangu akazikunja hivi na hivi, mara zikawa tembo, mara bata, mara nyani wa kuning'inia mlangoni. Kumbe ndivyo anavyowafanyia wale wazungu, wakirudi chumbani wanakuta mnyama kakaa kitandani. Watoto wa Yusra walipiga vigelegele. Mimi nami nilicheka mpaka mbavu zikauma, halafu nikaingia jikoni nikalia, kwa sababu mikono ya mwanangu walikuwa wanaijua wageni kuliko mimi.

Mchana akishakula ugali na kunde anajilaza mkekani karibu na miguu yangu, na usingizi unamchukua papo hapo, usingizi mzito wa kitoto, bila kisu wala nini. Nakaa namfukuzia nzi. Asiye na mwana aeleke jiwe, wanasema. Na mwenye mwana baharini aeleke nini? Hilo hawakulisema.

Siku ya kumi Yusra akanivuta nyuma ya nyumba. Yusra ana ulimi mkali, sijui kaurithi wapi.

"Mama, mtendaji gani huyo anakaa matangani siku kumi?"

"Marehemu alikuwa mtu mkubwa."

"Mama!"

"Nini?"

"Unamzuia Jabiri kwa sababu unamtaka wewe."

"Ndiyo, namtaka!" nikamwambia. "Nilimzaa ili nimtake! Kuna kosa?"

Akashusha pumzi. "Basi muulize mwenyewe anataka nini. Ana mdomo."

Nikasema nitamuuliza. Sikumuuliza. Mimi ambaye watu wa Sindeni wananiogopa kwa kusema, mimi niliyemwambia imamu mbele ya watu kwamba hotuba yake ni ndefu, nilishindwa kumuuliza mtoto wangu mwenyewe swali moja. Niliogopa jibu. Angesema, "Mama, nataka kwenda," ningeliweka wapi?

Badala ya kuuliza nikaanza kumchunguza. Nikaona kila asubuhi, kabla hajanywa chai, anapiga pasi lile shati lake jeupe la kazi, anaitengeneza kola, analitundika ukutani. Hana pa kwenda, lakini analipiga pasi. Nikajisemea, Chausiku, jibu lako lile pale limetundikwa. Mtoto moyo wake uko melini, nawe umemfungia banda kama mbuzi wa kafara. Uchungu wa mwana aujuaye mzazi, basi uujue mpaka mwisho. Siku ya kumi na mbili nikajitanda khanga nikaenda kwa Fabiani.

Fabiani ana duka la kuchapa na kutoa kopi karibu na stendi. Babu yake alikuja Korogwe kukata mkonge, yeye anakata karatasi. Ni mtu wa taratibu, miwani puani.

"Mama, niandike kwamba ulijua visu vimekatazwa?"

"Andika kwamba niliambiwa habari za silaha. Ile ilikuwa kinga."

"Wazungu hawatakuelewa, mama."

"Basi waeleweshe, wewe si ndiye msomi? Andika kwamba kwetu mtoto analazwa na chuma. Andika kwamba mwanangu hakujua, na kosa ni langu peke yangu, mimi Chausiku Mhina wa Sindeni. Andika kwamba tangu azaliwe hajampiga mtu hata kofi."

Akaandika. Vidole vyake vina kasi, toba! Alipofika mwisho nikamwambia aongeze kwamba Jabiri akiondoka mama yake huwa hali vizuri. Akanitazama juu ya miwani. "Hilo haliwahusu, mama." Nikasema basi, liache.

Nikaweka sahihi yangu mwenyewe, herufi moja moja. Kesho yake nikaipeleka Sindeni, mtendaji akagonga muhuri wake, akaniuliza mbona sikuja mapema. Nikamwambia anihurumie, nina safari. Nikarudi Korogwe siku ile ile. Jabiri alikuwa barazani. Nikampa karatasi mkononi. Akaisoma yote, akatazama ule muhuri, akatazama muhuri tena.

"Umeandika, mama."

"Nimeandika."

"Asante," akasema, taratibu. Fabiani akaituma kabla hajafunga duka.

Majibu yakaja siku ya nne. Wamesamehe. Onyo moja kubwa, kisu hakirudishwi, na Jabiri apande meli wiki inayofuata. Yusra akanikumbatia, watoto wakaruka ruka. Jabiri akasema alhamdulillahi, akaingia ndani kufunga begi.

Tulimsindikiza stendi asubuhi. Basi la Dar lilikuwa limeshawasha injini, kondakta anapiga bati. Jabiri akapakia begi, akarudi, akasimama mbele yangu. Amenizidi kimo siku nyingi, lakini pale aliinama kama anayetaka kusikia siri.

"Mama, huna neno?"

Nilikuwa nalo. Lakini nilikwishajipa moyo wa chuma tangu alfajiri, nikasema nikilegea nitamharibia mtoto safari.

"Neno gani tena? Nenda, baba. Basi halimngoji mtu."

Akanibusu mkono, akapanda. Nilipunga mpaka basi likapotea, halafu nikamgombeza Yusra kwa sababu hakukuwa na mtu mwingine wa kumgombeza.

Hiyo ilikuwa miezi miwili iliyopita. Nimerudi Sindeni, nalima. Mtu akiniuliza habari za Jabiri nasema mzima, yuko kazini, na sura naikaza. Nikiwa peke yangu nasema naye. Kunde zikiiva namwambia zimeiva. Nimemkumbuka mpaka mwili unauma, sina namna nyingine ya kulisema.

Juzi akanipigia, jua la utosini, nikiwa shambani napalilia. Meli ilikuwa na siku tatu haijaona nchi kavu. Nikamuuliza anakula? Anakula. Analala? Analala kidogo.

"Mama," akasema, "siku zile za Masuguru nilikuwa nasubiri uniambie nibaki."

Jembe likaniponyoka. Nikakaa chini, pale pale kwenye magugu.

"Mimi?"

"Wewe. Kila ulipoisogeza ile barua mbele nilisema leo ataniambia. Kumbe ukaenda ukaiandika, ukaileta na muhuri. Nikajua mama ameamua niende, na mimi nani nimkatalie mama."

"Jabiri, mbona hukusema?"

"Ningesemaje? Mtu mzima nimerudishwa kwa aibu, halafu niseme nimefurahi? Hata pale stendi, ungeniita tu ningeshuka."

Nikataka kumwambia kwamba mimi nami nilikuwa nasubiri aseme hataki. Nikataka kumweleza hofu yangu yote, tangu siku ya kwanza mpaka ile ya stendi. Likatoka lile moja tu, lile nililolimeza pale stendi, nikalitoa kwa sauti mpaka wanaopalilia shamba la pili wakageuka.

"Baki, mwanangu! Baki hapa nyumbani. Usiende."

Akacheka, cheko la mtu anayefuta machozi.

"Nibaki wapi sasa, mama? Huku pande zote ni maji."