Pumzi ya Khaemba

Dalmas hakujua kuimba. Hata kanisani Nyamasaria alifungua mdomo tu, wenzake wakabeba wimbo. Lakini uso alikuwa nao, na kwa uso huo aliigiza katika filamu tatu za opera, hadithi za kale za Ulaya ambazo watu huimba badala ya kusema, zikahamishiwa kando ya ziwa. Aliyemwimbia ni Khaemba, mwalimu wa muziki kule Maseno. Dalmas aliisikiliza sauti yake mpaka akajua kila pumzi, kisha akaifuata kwa midomo mbele ya kamera. Watu wa Kisumu wakampenda kwa koo la mwenzake.

Khaemba alicheka tu. "Wewe beba sura, mimi nabeba sauti."

Mwezi wa tano Khaemba akaugua, akafa. Filamu ya nne ilibakisha onyesho moja: mfalme anaiaga nchi yake. Wimbo ulikuwa umesharekodiwa.

Asubuhi ya kupiga picha, ukungu ulilala juu ya magugu maji, usijue ziwa liliishia wapi na mbingu ilianzia wapi. Dalmas, amesimama majini ndani ya joho jekundu, alimwona Nasipwondi, mjane wa Khaemba, amesimama ufukweni kando ya spika, viatu mkononi.

"Pole, Mama. Ukitaka tuahirishe..."

"Msiahirishe, Bwana Dalmas. Nimekuja kumsikia."

Khaemba akaimba. Sauti ilitambaa juu ya maji, ikamwingia Dalmas kifuani, naye akawa hajui tena nani anamfuata nani. Kwenye ubeti wa pili kulikuwa na pumzi fupi, pumzi ya mgonjwa. Katika mazoezi aliambiwa airuke. Leo aliivuta yote, mabega yakapanda. Nasipwondi akaziba mdomo kwa kiganja.

"Kata!" akasema Bridget, mwongozaji wa filamu. "Ile pumzi inaharibu. Turudie."

"Hapana," Dalmas akasema. Hakuwahi kumkatalia. "Hiyo ni yake. Iache."

Bridget alimtazama mjane, akaashiria kamera izimwe.

Nasipwondi akaingia majini mpaka vifundoni, akamkazia macho Dalmas. "Sema kitu. Kwa sauti yako."

Ilitoka nyembamba, ikikwaruza. "Sijui niseme nini, Mama."

"Inatosha." Machozi yalimtoka, lakini alitabasamu. "Sasa naona ni wewe. Yeye ameenda."

Baadaye Dalmas aliletewa mwimbaji mwingine, kijana mwenye sauti safi kabisa. Alimsikiliza mpaka mwisho, akamshukuru, akakataa. Siku hizi anaigiza michezo ya kusema katika ukumbi mdogo mjini, na waliokaa nyuma huinama mbele ili wamsikie.