Kimya cha Jikoni

...na kimya hiki kikiisha tu Hortense atamwambia mwongozaji, Anselme, mimi kesho siji, tafuta shingo nyingine, hivyo hivyo, hadharani, wasikie wote, lakini sasa hata kukohoa hakuruhusiwi, Yannig fundi sauti ameinua kinasa sauti chake katikati ya jiko anarekodi ukimya wa chumba, kama afanyavyo kila wanapomaliza kupiga picha za filamu mahali, na watu wote wameganda walipo, Hortense kitini, harufu ya dengu na soseji za mchana inapanda ngazi bila kuomba ruhusa... shingo, jamani, mwigizaji wa umri wake, ambaye simu yake ilikwisha kusahau kulia, hatimaye anapewa maneno ya mama anayemwambia mwanawe kwamba nyumba imeuzwa, anayakariri mpaka bafuni, halafu Anselme anaiweka kamera nyuma yake, anasema, uso wako watu wanaujua, Hortense, shingo hawajaiona, mafundi wa taa wakacheka, naye akacheka nao, kisha akaenda chooni akaita teksi, akarudi akayasema maneno yote kwa hasira huku akiutazama ukuta... honi, chini barabarani, ndefu.

"Nani huyo ananiharibia?" Yannig akasema. "Haya, upya. Na kuna tumbo la mtu linanguruma, simtaji."

Uso ukamwaka Hortense, teksi ilikuwa yake... Anselme amefumba macho, mzee yule, kichwa kimeinama kama mtu anayesikiliza majirani, huyu aliyegusa kila kitu, vichekesho, polisi na wezi, katuni za watoto, riwaya, hata opera kule Lyon, magazeti yakasema hana mtindo, hana mkono wake mwenyewe, leo anavaa koti hili kesho lile, na Hortense naye alilisema hilo mezani pa watu, akachekewa... lakini subiri, kile kichekesho cha kwanza, keki ya harusi ilipoanguka hatukuiona keki, tulimwona nyanya yake bwana harusi akijizuia kucheka, na katika ile ya polisi bastola ililia tukamwona mhudumu na trei yake ya kahawa, na katika filamu ya ile riwaya, vita vyote anavisikia mwanamke aliye upande wa pili wa ukuta... siku zote yule anayesikia, kila mahali, tangu ujana wake, nasi tukasema hana mkono, Mungu wangu, tulikuwa tunatazama wapi... akainua macho, na mbele yake, palepale kamera ilipokuwa imeelekea, Loïc, anayeigiza mwanawe, lijitu zima lenye ndevu, mashavu yamelowa, hathubutu kujifuta asije akasikika, na pale usoni yalikuwapo maneno yake, yote, hata lile la ufunguo wa nyumba alilodhani amelimeza, maisha yake yote alikuwa akihangaika taa imwangukie vizuri, hakuwahi kuyaona maneno yake yakimfikia mtu, na sasa anaogopa, anaogopa kwa furaha, na Anselme alijua, tangu mwanzo alijua yatafika wapi...

Honi tena.

"Huyu sasa nitamshukia," Yannig akasema.

"Ni teksi yangu," akasema Hortense. "Mwambieni aende zake."

Anselme hakufumbua macho.

"Tuanze upya," akasema, na Hortense akabana pumzi.