Shahidi wa Ng'ombe

Nyanjige alikuwa ameketi uani kwake Bariadi akichambua pamba, safi upande huu na fifi, ile chafu, upande ule, kama mama yake alivyomfundisha enzi za ushirika. Mumewe, Shigela, aliingia na chuma cha mzani mkononi. Tangu soko lifunguliwe alikuwa wakala wa mnunuzi binafsi, na wanunuzi hao walikuwa wakigombea pamba na kuibeba ikiwa imechanganyika hivyo hivyo. Kwa hiyo kuchambua kulikuwa kunamcheleweshea kazi. Alimwambia hivyo mara moja, kisha akampiga kwa kile chuma begani na mbavuni mpaka akachoka yeye.

Alipoweza kuketi, Nyanjige alijikagua, asione hata mkwaruzo. Saa ile ile kule Nkololo, zizini kwa baba yake, Mzee Machibya, ng'ombe mmoja wa mahari aliyotoa Shigela, yule mwekundu, alianguka huku akicheua, bega limepasuka na mbavu zimevunjika.

Ndivyo ilivyokuwa tangu aolewe. Maumivu yalibaki kwake, majeraha yakaenda kwa ng'ombe. Nkololo walishazoea. Mama yake, Milembe, aliwapaka ng'ombe samli, na majirani waliopita kusalimia waliuliza tu safari hii ni yupi. Lakini sasa hata kuvuta pumzi kulimuuma Nyanjige, na akajua kwamba akiendelea kukaa mle ndani atakufa, tena atakufa bila alama. Alitaka jambo moja tu, kutoka katika nyumba ile.

Alikwenda polisi. Askari wa kike alimkagua nyuma ya pazia, kwa makini, mbele na mgongoni, kisha akasema hawezi kumpa PF3, fomu ya kwenda kutibiwa.

"Kidonda kiko wapi, mama?"

"Kiko Nkololo, kwa baba."

Askari aliitikia kwa kichwa. Alimweleza kwa upole kwamba fomu hujazwa kwa ajili ya mwili wenye jeraha. Basi mwenye mwili huo aje alalamike.

Mzee Machibya alikuja kesho yake, ng'ombe akiwa amelazwa kwenye mkokoteni. Yeye hawakumzungusha hata kidogo. Kabla ya adhuhuri Shigela alikuwa mahabusu kwa kosa la kujeruhi mnyama wa mtu.

Siku ya shauri, Mahakama ya Mwanzo ilifurika, na Nyanjige aliitwa kuwa shahidi wa ng'ombe. Hatimaye mtu mwenye madaraka angemsikia. Alieleza yote, chuma, bega, mbavu, na kila aliposema "alinipiga", hakimu alimkatiza bila ukali, akamwomba aseme "alimpiga ng'ombe" ili kumbukumbu zikae sawa.

Shigela hakukana. Alisimama wima katika shati ambalo Nyanjige ndiye aliyelipiga pasi.

"Mheshimiwa, mimi ng'ombe sikumkusudia. Nilikuwa nampiga mke wangu."

Wazee wa baraza walinong'onezana, wakaona kijana amesema kweli. Hakimu naye aliliona hilo kuwa sababu nzuri ya kumpunguzia adhabu. Hakumfunga. Alimwamuru amlipe mkwewe ng'ombe mwingine, mzima, na kuhusu mke akasema hayo ni ya nyumbani, wakayazungumze nyumbani.

Nyanjige alipigwa na butwaa. Aliangaza huku na huku akitafuta japo mtu mmoja aliyeshtuka kama yeye, asimpate. Watu walikuwa wanatoka nje wakizungumzia mvua.

Alimwomba baba yake warudi wote Nkololo. Mzee Machibya hakumfokea, na machozi yalimlenga kabisa. Alisema binti akirudi ndoa imekwisha, na ng'ombe wa watu watatakiwa warudi wote, wazima. Huyu wa mbavu atamrudisha kwa uso gani?

"Subiri kwanza wapone, mwanangu."

"Baba, nikiwa kule hawatapona."

Mzee alijifanya anakaza kamba ya mkokoteni.

Jumapili Shigela alifika Nkololo akiswaga mitamba wawili, mkewe nyuma yake. Pamba ilikuwa imemtoa mwaka ule. Aliinama kwa heshima zote, akamwamkia kwa Kisukuma. "Mwadila, baba." Mzee Machibya aliitikia, akamkumbusha kwamba mahakama ilisema mmoja.

"Mmoja ni huyu mweusi," alisema Shigela.

"Na huyu mweupe?"

"Huyo ni wa msimu ujao, baba. Sipendi tusumbuane tena mahakamani."

Milembe alitazama chini. Jua lilikuwa la utosi. Mzee Machibya alimfunua mtamba mweupe mdomo, akamkagua meno, akampapasa mbavu moja moja mpaka akaridhika kwamba ni mzima. Kisha akafungua zizi, akawaingiza wote wawili, na akamwambia binti yake amletee mumewe maji ya kunywa, maana safari ya kurudi Bariadi ilikuwa ndefu.